Siti Nyuma

Ukipanda boda mjini Musoma ukamwambia dereva akupeleke Siti Nyuma, hakuulizi mara mbili. Anakushusha Mukendo, kwenye ukuta wa fundi cherehani aliyehamia Tarime na kufunga mlango wake moja kwa moja. Siti Nyuma si baa wala si duka. Ni siti ya gari, ndefu, ya raba nyekundu iliyopauka, imeegemezwa ukutani, na mbele yake kuna jiko la mkaa la Enoka, birika la kahawa, na sahani ya kashata iliyofunikwa kwa sahani nyingine. Kila asubuhi utawakuta hapo wale wale, na usipowakuta ujue kuna msiba. Kushoto, penye springi nzima, anakaa Wanzagi, anayeitwa Kombi kwa sababu hajawahi kuanza hadithi yoyote bila kombi, ile gari ya zamani ya misheni. Katikati ni Nyamhanga, yaani Bandari; aliwahi kwenda bandarini Dar es Salaam kumsindikiza shemeji yake, na tangu siku hiyo hakuna gari linaloingia nchini bila yeye kulifahamu. Kulia ni Shija, Injinia, anayetengeneza simu. Nafasi ya nne ni ya Mzee Pastory, ambaye mji mzima unamwita Hendeli, maana ujana wake wote alikuwa akiwasha magari kwa kuzungusha chuma. Asubuhi hiyo nafasi yake ilikuwa wazi. Alikuwa amesimama kando ya haisi yake nyeupe yenye mstari wa bluu, anaifuta kioo ambacho alikuwa ameshakifuta.

Mkewe, Ursula, alikuwa ameshasema, na Ursula akisema amesema. Haisi ilikuwa imelala uani kwao Kamunyonge mpaka kuku wakaanza kutagia chini ya usukani, na yeye pale anataka kujenga chumba cha kupangisha. Mawe yameshaletwa. Kama yule mama wa Kiabakari aliyepiga simu kuulizia gari hataichukua leo, kesho anaitwa bwana wa vyuma chakavu, yule anayetembea na mizani. Pastory aliwahi kumwona akilikata lori la watu. Asubuhi lilikuwa lori, jioni linapimwa kilo kama viazi. Siku ile hakula. Sasa aliiangalia haisi iliyomlisha miaka yote ya abiria wa Musoma na Bunda, na Butiama siku za mnada, akaanza tena kukifuta kioo.

— Jamani, akasema bila kugeuka. Kuna jambo. Yule mama kwenye simu aliniuliza kitu kimoja tu. Kama siti zipo zote.

— Ukamjibuje? akauliza Wanzagi.

— Nikamwambia zipo.

— Hujadanganya, akasema Shija. Zipo. Hakuuliza zipo wapi.

Wote wakatazama chini, kila mtu penye mapaja yake. Maana hakuna aliyekuwa hajui. Pastory alipoacha abiria akaanza kubeba dagaa kutoka kule Majita, aliing'oa siti ya nyuma ili magunia yaenee, akaiweka hapa ukutani kwa siku mbili tatu. Hizo siku mbili tatu ndizo zilizozaa kijiwe. Enoka alihamishia jiko lake hapo kwa sababu ya siti. Shija alimposa mkewe Mbuke akiwa amekaa kwenye siti hiyo. Na Wanzagi, mgongo wake ulipoharibika, daktari alimwambia atafute kiti cha kuegemea, akasema anacho.

— Sasa sijui tufanyeje, akasema Pastory.

— Kwanza aione gari, akasema Wanzagi, akijikita vizuri zaidi. Pengine hataipenda.

— Nataka aipende, Kombi.

— Nimesema pengine.

Pastory akarudi kwenye kioo chake. Jambo lililomuudhi ni kwamba na yeye moyoni alikuwa amelifikiria hilo hilo. Kahawa ataenda kuinywea wapi, nyumbani, Ursula akimtazama?

Rhobi, yule mama wa kwenye simu, alifika kabla kahawa haijatokota mara ya pili. Ni mama mpana, mchangamfu, anapika kwenye harusi na misiba kuanzia Kiabakari mpaka Bunda, na masufuria yake yanajulikana kuliko yeye. Kila shughuli alikuwa anakodi pikapu ya watu kubeba vyombo, na wapishi wake wanamfuata kwa boda, mvua ikinyesha wanafika wamelowa na unga wameukumbatia. Alikuwa amechoka na maisha hayo.

— Shikamoo baba.

— Marahaba mwanangu. Habari za safari?

— Salama. Wazee wangu, habari za hapa?

— Nzuri mama, karibu, wakajibu kwa pamoja, na hakuna aliyeinuka. Nyamhanga akavua koti lake akalitandaza kwenye nafasi ya Pastory kama mtu aliyeona joto ghafla. Enoka, aliyelelewa vizuri, akampa mgeni kigoda chake mwenyewe na kikombe cha kahawa, akawatazama wale watatu kwa jicho la kuwasuta.

— Nisiwafiche, akasema Rhobi. Kuna nyingine Bunda nimeonyeshwa. Namba E. Inang'aa. Mwenyewe anasema ilikuwaga ya masista.

— Zote zinakuwaga za masista, akasema Shija. Ukizikusanya haisi zinazouzwa mkoa huu, kila sista atakuwa ana tatu.

— Na hata ingekuwa ya masista mimi ningeikimbia, akasema Wanzagi. Nimekulia misheni. Sista habebi Biblia peke yake. Anabeba saruji, maharage, mgonjwa na ndugu za mgonjwa. Na akiona shimo hapunguzi mwendo, anasali anapita.

— Lakini namba E ni namba E, akasema Nyamhanga, aliyesahau yuko upande gani. Herufi ya namba ya usajili ndiyo umri wa gari, mama. Bandarini tunahesabu hivyo. A ni bibi, B ni mama, C ni shangazi, D ni binti, E ni mtoto mchanga. Hii ya Hendeli ni A. Hii ni bibi.

Pastory akakikunja kitambaa, akakikunjua.

— Enoka, akaita Wanzagi. Wewe umebatizwa lini?

— Pasaka iliyopita.

— Una wajukuu?

— Wananimalizia kashata.

— Umesikia, Bandari? Namba ni ubatizo. Inakuambia gari imeingia lini Tanzania, haikwambii imezaliwa lini. Inaweza kuwa imezeekea kwao huko, imekuja huku na meno mawili, tukaipa E tukaiita mtoto.

— Kwa hiyo ile ya Bunda inaweza kuwa bibi aliyebatizwa juzi, akasema Rhobi.

— Bibi kabisa. Amepakwa rangi ya mdomo tu.

Rhobi akacheka, na Pastory akapumua. Wangeishia hapo ingekuwa heri. Lakini Wanzagi alikuwa ameshalitaja neno misheni, na akilitaja hilo, kombi haiko mbali.

— Mama, ngoja nikueleze ukoo wa haya magari ili ujue unachonunua. Baba wa wote ni kombi. Ile ya misheni ilikuwaga na injini nyuma, pale unapoweka mizigo. Na haikuwahi kunywa maji hata tone. Ilikuwa inapoa kwa upepo.

— Gari isiyokunywa maji na ziwa lote hili liko pale, akasema Nyamhanga. Hiyo ni dharau.

— Baada ya kombi vikaja vipanya, akaendelea Shija. Vidogo, vya duara, mtu unaingia umeinama, unatoka umeinama, kijijini wanadhani umepata adabu. Halafu zikaja hizi. Injini ikahama. Ikaja kukaa chini ya dereva.

— Ndio maana madereva wa haisi hawakaagi chini wakifika nyumbani, akasema Wanzagi. Muulize Hendeli.

— Na hizi mpya kabisa, akasema Nyamhanga, za paa refu, nilizionaga zinashushwa, zimetokeza na pua. Injini imehamia kwenye pua. Sasa angalieni wenyewe. Ilikuwa nyuma. Ikaja katikati. Ikaenda mbele. Inaelekea wapi?

Wote wakaigeukia haisi, maana jambo lilikuwa zito.

— Inatoka, akasema Shija taratibu. Si kuna za umeme? Injini imeshatoka nje kabisa. Kizazi kinachofuata injini itatangulia Bunda yenyewe asubuhi, gari inafuata mchana.

— Na nauli watadai mara mbili, akasema Enoka.

— Mimi nina wapishi, akasema Rhobi. Wataenda na injini au na gari?

Hapo Pastory aliona gari lake linazama kwenye maneno. Akaweka kitambaa begani, akamwita.

— Mwanangu, njoo. Hawa waache. Weka mkono hapa.

Alikuwa amefungua mlango wa dereva na kuinua siti, injini ikaonekana. Rhobi akaweka kiganja.

— Baridi.

— Nimeileta alfajiri ili uikute baridi. Ukienda kuangalia gari ukakuta imeshapashwa moto, kuna kitu wamekificha. Mwambie azime, nenda kanywe chai, rudi. Haya, fungua hiki kifuniko cha oili. Kwa ndani ukiona ute mweupe mweupe kama maziwa, maji yameingia kwenye oili. Shukuru, chukua mkoba wako, ondoka. Unaona nini?

— Cheusi tu.

— Vizuri. Sasa gonga bodi kwa kidole, polepole, zunguka yote. Ikilia, ni bati. Ikinyamaza, wameziba kwa puti wakapaka rangi.

Rhobi akazunguka akigonga kama mtu anayebisha hodi. Gari likawa linaitika, likaitika, halafu kwenye ubavu wa kulia, juu ya tairi, likanyamaza.

— Baba, hapa kimya.

— Hapo ni puti. Niligonga ng'ombe Butiama.

— Akafa?

— Alikuwa mzima. Mimi ndiye niliyeenda kutengeneza gari.

— Hendeli, akanong'ona Nyamhanga kwa nguvu, unauza au unaungama?

Pastory hakujali. Kwa mara ya kwanza tangu asubuhi alikuwa amekisahau kitambaa. Alimwonyesha kutu ndogo chini ya mlango na ilikoishia. Alimwambia alale chini atazame chasisi, asikionee kitenge chake huruma. Alimtolea kadi ya gari, akamsomesha namba ya chasisi kwenye kadi na kwenye chuma, akamwambia siku namba hizo zisipofanana, hata akipewa bure na kuku juu yake, asiiguse. Halafu akaingia, akazungusha ufunguo. Haisi ikakohoa, ikatoa moshi mweusi ukampata Enoka usoni, ikakohoa tena, ikashika. Ikatulia, inanguruma chinichini. Pastory alibaki ameshika usukani, macho yamemjaa maji, na hakuyafuta.

— Nimeipenda, akasema Rhobi dirishani. Sijui kwa nini, lakini nimeipenda. Hiyo ya Bunda mwenyewe hakuniruhusu hata kuinua siti.

Kisha akaenda nyuma, akafungua mlango mkubwa, akachungulia.

— Baba, akaita. Ulisema siti zipo.

Pastory akazima gari. Kule ukutani wale watatu wakakaa wima.

— Zipo, akasema.

— Hapa nyuma hamna. Kuna matundu tu. Wapishi wangu wanne wanakaa wapi?

Mtu mwenye akili angejibu. Lakini kijiwe si mahali pa jibu la haraka, na wale watatu walikuwa na cha kupoteza.

— Hiyo ni kizazi maalumu, mama, akasema Shija. Toleo la wachungaji. Nyuma zinaachwaga wazi kwa ajili ya vinanda.

— Uongo, akasema Wanzagi, akampa jicho, halafu akakumbuka yuko naye upande mmoja. Yaani, si vinanda. Ngoma.

— Ukweli ni huu, akasema Nyamhanga, na watu wakamwogopa, maana alipandisha mikono. Siti ya nyuma ya haisi Wajapani waliipima hapa hapa Mara. Walituma mtu akakaa stendi ya Bunda na kamba, anapima makalio ya watu wakishuka. Akapima Wajita wanne wakaenea. Akapima Wakurya, watatu na nusu. Kukatokea ugomvi. Ndio maana matoleo mengine wakaitoa kabisa, kuepusha ugomvi. Lakini hizo walizotengeneza kwanza zilienea barabara. Hata sisi hapa, mimi Mkurya, huyu Mzanaki, huyu Msukuma, na Hendeli akikaa, tunaenea wanne bila kusuguana, maana hii wal...

Wanzagi alimkanyaga mguu. Alimkanyaga kwa kiatu cha kisigino, na Nyamhanga akauma ulimi, lakini neno lilikuwa limeshatoka nusu.

Rhobi alikuja polepole, kikombe mkononi. Alisimama mbele yao. Alitazama raba nyekundu iliyopauka chini ya paja la Wanzagi. Aligeuka akatazama siti ya dereva wa haisi, raba nyekundu, mlango ulikuwa bado wazi. Alilishika koti la Nyamhanga kwa vidole viwili akalikunja taratibu, akamrudishia mwenyewe. Chini yake palikuwa na mshono mweupe wa njia mbili, na pale mbele mshono mweupe wa njia mbili.

— Wazee wangu, akauliza kwa upole kabisa. Hapa mnapokaa, gari lake liko wapi?

Enoka aliinamia jiko akaanza kupuliza mkaa uliokuwa unawaka vizuri. Shija alitoa simu ya mteja mfukoni akaikagua. Nyamhanga alitazama mbali, upande wa bandari. Wanzagi alifungua kinywa, na watu wakadhani kombi inakuja, lakini akakitia kashata.

Pastory aliwatazama. Aliona mgongo wa Wanzagi ulivyojilaza mahali pake. Aliona pia mizani ya yule bwana wa vyuma chakavu ikining'inia uani kwake kesho. Alisogea, akakaa kwenye nafasi yake ya nne, akaegemea mara moja, akavuta pumzi, akainuka.

— Kombi, akasema. Simama, ndugu yangu.

Wanzagi alisimama kwa shida, akishika kiuno. Baada ya hapo wengine hawakuwa na la kufanya. Walibeba siti watu wanne, kila mmoja akishika upande wake wa siku zote, wakaingiza nyuma ya haisi, na miguu ya siti ikaingia kwenye matundu yake bila kubishana. Pastory alivuta kisahani cha majivu kwenye dashibodi. Nati zote zilikuwa humo tangu siku ile, amezipaka girisi ili zisipate kutu.

— Kumbe ulikuwa unajua utairudisha, akasema Shija.

— Nilikuwa nasema kesho, akasema Pastory.

Zilipokazwa, Rhobi akawaambia wakae aone kama inawabeba. Wakakaa. Kushoto Wanzagi, kulia Shija, Bandari katikati, Hendeli nafasi yake. Enoka akawapitishia kahawa dirishani. Wakainywa humo ndani bila kusema lolote, jambo ambalo halijawahi kutokea, halafu Wanzagi akasema kwamba kumbe siti hii ina mahali pa kuwekea kiwiko, miaka yote hawakujua, kwa sababu ukutani ule upande ulikuwa umebanwa.

Mambo ya kuuziana yakaisha kwa amani. Rhobi akawashukuru, akamwambia Pastory shughuli yake ya kwanza ni harusi ya Jumamosi Butiama, na mzee aje na mama Ursula wale pilau. Akaingia, akazungusha ufunguo. Haisi ikakohoa mara moja tu. Ikakata kona ya Mukendo, ikashika barabara ya Bunda, na kupitia kioo cha nyuma siti ilionekana, tupu, nyekundu, mpaka lori likaingia kati.

Walibaki wamesimama na vikombe. Ukutani palikuwa na alama ndefu isiyo na vumbi, na chini mashimo manne ya miguu. Nyamhanga alijaribu kuchuchumaa, magoti yakakataa. Hakuna aliyejua mikono inawekwa wapi mtu anapokunywa kahawa wima. Pastory alisikia furaha imemjaa kifuani na hakuwa na pa kuikalia.

Boda ikasimama. Akashuka dada mmoja mwenye begi na simu iliyopasuka kioo, akatazama ukuta, akatazama jiko, akawatazama wazee wanne waliosimama kwa mstari.

— Samahani, akasema. Namtafuta fundi simu anaitwa Injinia. Nimeelekezwa anakaaga Siti Nyuma. Ni hapa?

Shija akamtazama Wanzagi. Wanzagi akamtazama Nyamhanga. Nyamhanga, aliyejua kila kitu kilichowahi kuingia nchini, akamtazama Pastory.

— Ni hapa, mwanangu, akasema Pastory mwishowe. Ila imetoka kidogo.